Herufi Zilezile

Newport, Julai 1776

Kwanza ujue hili: mimi husoma kinyumenyume.
Bwana Peckham alinifundisha herufi zikiwa zimegeuka,
vipande vya risasi, baridi, kila kimoja kimetupa kisogo,
akidhani mtumwa akianza kusoma kutoka kulia
hatafika popote.

Miaka kumi na tisa nimo chumba hiki.
Bega la kulia limepanda, la kushoto limebaki,
kwa kuvuta wenzo wa mtambo.
Mikono inanuka masizi, mafuta ya kitani,
na mkojo tunaolainishia ngozi za wino.
Wanaofungua gazeti mezani hawalijui hilo.
Karatasi ikishakauka haina harufu ya mtu.

Jumatatu ukaja waraka kutoka Filadelfia,
farasi aliyeuleta anatoka povu.
Bwana aliusoma amesimama, kofia mkononi,
sauti ikamkwama palipoandikwa watu wote.
Akalia. Nilimwona. Machozi ya kweli, sikatai.
Kisha akapenga kamasi: Bristo, panga upesi,
mji mzima unangoja.

Bristo ni bandari ilikotoka meli.
Jina alilonipa mama ninalo,
ila halijawahi kupita mtamboni
na sitalipitisha leo.

Nikapanga. Neno lao la uhuru lina herufi saba.
Usiku kucha tukapiga nakala mia tatu.
Kulipokucha, kengele, mizinga,
na mlangoni pa ghala ramu ya bure,
ramu ileile iliyotununua sisi pwani ya Gini.
Wakanyanyua vikombe, wakautakia uhuru maisha marefu.
Nami nilipewa funda moja.

Alasiri akaingia Kapteni Crandall na kikaratasi:
Ametoroka, mwanamke, jina lake Zilpa,
mrefu, kovu shavu la kushoto,
yadhaniwa ameelekea kaskazini,
dola nane kwa atakayemrudisha.

Herufi zetu hazitoshi kurasa mbili.
Ikabidi niubomoe ule wa jana.
Nikachomoa watu, nikachomoa wote,
nikauvunja uhuru, saba, saba, saba,
na kwa vipande vilevile, wino wa jana haujakauka,
nikaanza kumpanga Zilpa.

Zilpa aliyekuwa akituletea mkate wa mahindi,
akisimama dirishani kutazama vidole vyangu
bila kusema neno.
Siku moja tu aliuliza:
hilo linaanzia upande upi?

Sasa sikiliza. Mtu aliyezoea kusoma kinyume,
kushoto na kulia humchanganya, si ajabu.
Kovu nikalihamishia shavu la kulia.
Kaskazini ikawa kusini.
Urefu nikaupunguza, mstari ulikuwa umejaa.
Bwana akapitia nakala ya kwanza, macho yanaogelea kwenye ramu,
akasema, safi, piga.

Nikavuta. Bega likaalika.
Mara mia tatu nikavuta,
na karatasi mia tatu zikatoka kwenda kumsaka
mwanamke asiyekuwako duniani.

Jumamosi Kapteni alirudi, safari hii na mjeledi.
Sitasimulia. Mgongo si gazeti.

Jumapili, wao wakitoka kanisani,
nilikuwa nikirudisha herufi visandukuni mwake.
Bwana akahesabu, akahesabu tena.
Moja imepungua, ile ya kwanza katika neno lao.
Iko wapi?

Nilikuwa nayo shavuni, ina utamu kidogo,
risasi ndivyo ilivyo.
Nikaifunika kwa ulimi.
Labda imetoroka, Bwana.

Hakucheka.
Akautazama mlango, akautazama wenzo,
akalitazama bega langu kwa muda,
kisha akaniambia nikachote maji.